Sikio la Askari wa Pili

Nimemwona akifa kwa risasi, kwa mkuki, kwa homa, na safari moja kwa kuanguka kutoka juu ya ghala la pamba, na kila safari lililoniuma ni shati. Mtu anakufa ndani ya shati nililomshonea kwa mikono yangu, halafu anarudi Arua, anasimama mbele ya cherehani yangu na matundu ya risasi yaliyochomwa kwa sigara, anacheka, anasema, "Mama Fundi, ziba." Nikimwambia matundu ya maiti hayazibwi, anajibu kwamba maiti ana kazi nyingine Jumatatu.

Kwetu West Nile, watu wa miji ya Arua na Koboko walimwita Askari wa Pili. Jina alilopewa na wazazi wake nalijua, ila silitoi. Wakati fulani walikuja watu kulitafuta kwangu wakiwa na bunduki, sikuwapa. Sioni kwa nini niipe karatasi leo.

Alikuwa mwigizaji wa filamu na televisheni, lakini usimtafute kwenye picha zinazobandikwa ukutani. Yeye ni yule anayesimama nyuma. Mlinzi anayefungua lango, dereva anayengoja garini, mpishi anayeleta chai halafu anatoka, mtu wa tatu kushoto katika umati wenye hasira. Wageni waliwahi kuja kutengeneza filamu yao kule kwenye maporomoko ya Nile, wakahitaji askari wawili wa kusimama nyuma ya gavana. Wa kwanza alikuwa kijana mzuri wa sura, lakini hakuweza kutulia, kila nzi alimfukuza. Wa pili alikuwa yeye, Mnubi wa Koboko, amesimama kama nguzo ya simu. Filamu ilipofika Arua na majina yakapita mwishoni, akatusomea kwa sauti jina lake, ambalo halikuwa jina bali cheo, Askari wa Pili, na tangu siku hiyo hakuwa na jina jingine mjini.

Mimi nilikuwa nimevuka kutoka Kongo na mume wangu, na mume alipokufa nilibaki na cherehani na ulimi. Mwaka sabini na mbili Wahindi walipofukuzwa niliihamishia cherehani kwenye baraza la duka lililofungwa, pale barabara ya soko, na hapo ndipo aliponikuta. Mteja mwingine hutaka nguo imkae vizuri. Huyu alitaka imkae vibaya, tena vibaya kwa namna yake. Suruali ya dereva alitaka ing'ae makalioni, nikaisugua kwa chupa ya maji ya moto mpaka mkono ukafa ganzi. Koti la mlinzi alitaka mfuko wa kulia ulegee kwa uzito wa tochi, na kwa kuwa hakuwa na tochi alitia jiwe mfukoni akatembea nalo kwenda soko la Inde na kurudi, siku baada ya siku. Wafanyabiashara wa Inde wakaniuliza kama ndugu yangu ameanza kuchanganyikiwa. Nikawaambia si ndugu yangu, na hajaanza leo.

Nilimwuliza kwa nini ajisumbue hivyo kwa mlinzi anayefungua lango mara moja tu. Alikaa kwenye kigoda changu, akavuta sigara, akaniambia maneno ambayo baadaye niliyasikia kwake mara nyingi mpaka nikayachoka.

"Mfalme hapana najifanya mfalme mwenyewe," alisema. "Iko mutu moja nyuma, nasimama wima. Watu naona ile mutu nasimama wima, nasema, kumbe huyu iko mfalme. Sasa ile ya nyuma akikaa chini, mfalme naisha."

"Sema polepole," nikamwambia. "Baraza hii iko na masikio."

"Masikio hapana naua," akasema. Alikuwa mtu wa kusema mambo kama hayo wakati ambapo wengine tulikuwa tunameza hata salamu.

Lakini asije mtu akanichorea shujaa. Huyu bwana alikuwa mwoga wa bata. Bata mmoja akipita barazani anainua miguu juu ya kigoda kama mtoto. Alikuwa na majivuno ya kuchosha. Kitana hakikumtoka mfukoni, na alidai kula sahani moja na nyota wa nchi za nje ambao nina hakika walimwona kwa kisogo. Alikuwa mchamungu, Ijumaa humkosi msikitini, lakini hakuna aliyemshinda kwa kuigiza padri. Baada ya mchezo mmoja wa televisheni, ambao tuliutazama kwa kubanana dirishani pa klabu ya maofisa, Mkongo mwenzangu muuza samaki alimpigia magoti sokoni, akaomba baraka. Nilidhani atamcheka. Alimwekea mkono kichwani kwa adabu, akasema, "Mungu abariki wewe na hii samaki." Nilipomwuliza sheikh akisikia itakuwaje, alisema baraka haina dini, na samaki walikuwa wameanza kunuka, walihitaji msaada.

Na alikuwa na njaa moja ambayo haikuisha. Alitaka sehemu kubwa. Kamera haikuwahi kumsogelea. Ilimpita kama basi linavyompita abiria asiye wa kituo chake. Tangu ujana alikuwa na uso aliouweka tayari kwa siku hiyo. Nikiwa nashona alisimama kando yangu, akainua kidevu, akalegeza mashavu, akatazama mbali.

"Siku moja watanisogelea, Mama Fundi."

"Wakikusogelea wataona makovu ya ndui."

"Waone," alisema. "Hata ndui iko nangoja miaka yote."

Habari ya sikio lazima niieleze vizuri, maana bila hiyo mengine hayaeleweki.

Kabla sijamjua, alipokuwa bado anakaa Kampala bila kuandikia nyumbani, aliigiza katika filamu ya serikali iliyowaonya madereva wasiendeshe kwa ulevi. Alikuwa tanboi, yaani utingo wa lori. Lori lilipinduka, tanboi akafa, akafunikwa kwa turubai huku mguu mmoja umebaki nje. Gari la sinema likaileta filamu hiyo Koboko, likatandika shuka jeupe kwenye kiwanja cha soko. Sasa, watu wa Koboko hawakuwa wajinga. Sinema za upanga na za mapenzi walizijua kwamba ni mchezo. Lakini gari la serikali halikuwa na kawaida ya kuleta mchezo. Lilileta namna ya kupulizia pamba dawa, namna ya kuchemsha maji, waziri akikata utepe darajani. Yote yalikuwa mambo ya kweli. Kwa hiyo mama yake alipomwona mwanawe amelala chini ya lori, akautambua na mguu, alipiga yowe mpaka mashine ikazimwa.

Matanga yakawekwa. Siku ya karama, ambayo ndiyo sadaka ya chakula ambayo Wanubi hulisha watu kwa ajili ya maiti wao, mbuzi walichinjwa, wanawake wakajifunga nguo zao za gurubaba wakapika tangu alfajiri. Mchana huohuo marehemu akashuka kwenye lori la chumvi, akaona watu wengi uani kwao, akaketi kwenye jamvi la kwanza alilolikuta, akala. Alikula kabla ya kuuliza nani amekufa. Ndiyo tabia yake, na hata mama yake alikiri kwamba hapo hasa ndipo alipoamini kuwa ni yeye.

Wazee walibishana kama karama ile ihesabiwe. Sheikh akakata shauri: chakula kikiliwa kimeliwa, na dua hairudishwi kwa mwenyewe kama bakuli. Basi akawa mtu hai ambaye karama yake imekwisha kuliwa. Mama yake yeye hakujali sheria. Alimkalisha mwanawe chini, akamwambia maneno ambayo Koboko yote inayajua:

"Kila mara wewe nakwenda kufa kwa hiyo sinema, kwanza shika sikio. Mimi naona mkono kwa sikio, najua mtoto yangu nacheza. Kama mkono hapana panda, mimi nalia."

Hakuwahi kumwangusha. Tangu siku hiyo, katika kila sehemu aliyoigiza, iwe dakika nzima au kupita tu, mkono wake wa kushoto ulipanda ukasugua sikio. Alijifunza kuuficha humohumo ndani ya kazi: mpishi anawashwa, dereva anasikiliza injini, maiti anakata roho. Wenye filamu hawakujua. Sisi tulijua. Gari la sinema lilipokuja Arua hatukufuata tena hadithi, tulimtafuta yeye, maana kwa ufundi wake ungeweza kumtazama usimtambue, na mkono ulipopanda kiwanja kizima kilipaza sauti, "Iko hapo!" Watoto wa vijiji vya Ayivu walikuwa wakitembea jioni kuja mjini kwa ajili ya sikio lile tu. Nyota wa mbele anabusu, anapigana, hakuna anayemwangalia.

Katika mwaka wa sabini na sita askari walimchukua mwalimu wa kijiji cha Pajulu.

Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, Mlugbara mpole, mtu wa kanisani, mteja wangu. Alikataa kuwatoa wanafunzi wake barabarani wakapunge bendera siku mkubwa mmoja alipopita. Alisema wana mtihani. Hilo tu. Gari lilikuja shuleni likaondoka naye. Mke wake alikwenda kambini kuuliza, akaambiwa hayupo. Akaenda tena, akaambiwa hakuwahi kuwapo. Halafu maneno yakaanza kupandwa: mwalimu alikuwa mpelelezi, amekiri, wenzake wamemtorosha, anakula pesa za maadui ng'ambo. Chifu alimpelekea mke habari kwamba nyumba ya mhaini si ya mkewe tena, wala shamba, na kwamba watu watauona ushahidi kwa macho yao. Kijijini wakaanza kuipita njia ya mbali ili wasimsalimu. Sikuwalaumu wote. Mtu akiambiwa jambo kila asubuhi, jioni huanza kujiuliza.

Ushahidi ulipita kwenye cherehani yangu. Asubuhi moja askari mwenye bunduki alikuja barazani pamoja na Askari wa Pili, na begani ameweka koti la kijivu.

"Punguza hii," askari akasema. "Iingie huyu mutu."

Nililigeuza koti ndani nje. Kiwiko cha kulia kilikuwa na kiraka cha ngozi nilichokitia mimi mwenyewe, maana mwalimu aliegemea meza upande huo akisahihisha madaftari. Mshono ulikuwa wangu.

"Mwenye koti iko wapi?" nikauliza.

"Mama, wewe nashona au nauliza?"

"Nauliza sababu nashona. Kama ile mwenyewe atarudi, hapana nakata kitambaa, nakunja tu. Kama hapana rudi, nakata."

"Kata," akasema.

Ndivyo nilivyojua kwamba mwalimu amekufa, na Askari wa Pili akajua pamoja nami, amesimama mikono imenyooshwa, ndani ya koti la marehemu. Hakuna uso alioutengeneza. Ulikuwa mtupu.

Askari alipokwenda duka la pili kununua sigara, nilimvuta kwa kola. "Afande," maana nilizoea kumtania hivyo, ila siku hiyo haukuwa utani, "unajua hii koti ya nani."

"Najua."

"Na utaivaa?"

Alinieleza kwa haraka. Watu wa filamu wametoka Kampala. Yeye atakuwa mwalimu: ndevu, miwani, mvi kidogo, anaketi mezani anakiri. Maneno ni mengi, ukurasa mzima. Wamemwahidi kwamba kamera itakuja mpaka hapa, akaweka kiganja mbele ya pua yake. Mashahidi wengine wote wawili watasimama nyuma yake.

"Sehemu kubwa, Mama Fundi," akasema. "Watanisogelea."

Nilimwambia maneno ambayo sitayaandika, na siyajutii. Angekuwa mwanangu ningemwambia zaidi. Nilimwambia mke wa mwalimu ana watoto watano wanaolala chini ya paa lile. Nilimwambia asirudi tena kwenye baraza langu na nguo yoyote, ya maiti wala ya mzima. Alisikiliza. Akatazama mkasi wangu.

"Kwapa usibane," akasema. "Hii ya kushoto. Mkono lazima ipande vizuri."

Nilikuwa na hasira za kutafuna sindano, lakini sijapata kuharibu nguo kwa hasira. Nikamwachia kwapa. Askari aliporudi kazi ilikuwa imekwisha, wakaondoka wote wawili, na nikatemea mate nyayo zao.

Siku ya kuonyesha, waliwaita watu wa Arua yote na vijiji vya karibu, na mke wa mwalimu wakamketisha mbele kabisa, kwenye kiti, ili tumwone anavyoona. Alivaa nguo yake ya Jumapili. Watoto wake walimzunguka. Mimi nilikuwa nyuma na wanawake wa sokoni, na hakuna aliyefungua mdomo, maana askari walisimama pembeni wakitutazama sisi badala ya shuka.

Mwalimu alitokea kwenye shuka. Nasema mwalimu kwa sababu ndivyo macho yangu yalivyosema, mimi niliyelipunguza koti. Kichwa kimeinama upande uleule, sauti ileile ya kukwaruza, kiwiko cha kulia juu ya meza. Mwanamke kando yangu akanong'ona, "Yesu, ni yeye kweli." Nikaona bega la mke wa mwalimu limeshuka. Mtu aliyekaa naye miaka yote ile, na hata yeye alikuwa anaanza kupotea.

Kamera ikasogea, ikazidi kusogea, mpaka uso ukajaa shuka zima, mkubwa kuliko gari. Midomo ikasema, "Mimi, mwalimu wa shule ya Pajulu," likafuata jina kamili la mwalimu, na palepale, katikati ya jina, ambapo mkasi wa wenye filamu usingeweza kukata bila kukata na jina, mkono wa kushoto ukapanda. Ukasugua sikio. Taratibu, bila kujificha nyuma ya kuwashwa wala kusikiliza, kama mtu anayesalimu.

Hakuna aliyepaza sauti. Lakini nilisikia kiwanja kizima kikivuta pumzi, na mahali fulani mbele yangu mzee mmoja akasema chini ya ulimi, "Iko hapo." Mwingine akalipokea. Likapita kwa kunong'ona, mdomo kwa mdomo, mpaka likafika kwenye kiti cha mbele. Bega la mke wa mwalimu likapanda. Maneno mengine yote ya ukurasa ule hayakusikilizwa na mtu, na taa zilipowaka yule mama alisimama, akafunga kitambaa chake kiunoni, akashika watoto, akatoka amenyooka, akipita mbele ya askari bila kuwatazama.

Kwa sababu tulikuwa tumeelewa wote jambo moja. Kama mwalimu angekuwa hai, na kama angekuwa amekiri, wasingehitaji Askari wa Pili. Mwalimu hakusema neno. Alikufa na mdomo wake umefungwa.

Kesho yake Pajulu ilikaa matanga. Hakuna aliyewaita. Watu walewale waliokuwa wakipita njia ya mbali walikuja na muhogo, maharage, kuni, wakajaa ua, wakalala pale. Nami nilikwenda, nikiwa na kitambaa cheusi nilichokikata kwa watoto. Chifu alipofika na askari wawili kuifunga nyumba, alikuta kijiji kizima kimeketi mlangoni kinaimba nyimbo za maziko, na bibi mmoja akamkaribisha kwa heshima zote: "Karibu matanga, baba. Kaa chini, lia na sisi." Chifu alikaa kidogo, akaondoka na askari wake. Nyumba ile haikufungwa.

Penye watu wengi siri haikai, na habari ya sikio iliwafikia wakubwa kabla mwezi haujaandama. Wakaja kwangu kwanza, kutaka jina lake na ndugu zake. Niliwaambia mimi najua vipimo tu: kifua, kiuno, mkono. Walinipiga kofi moja na kuvunja gurudumu la cherehani. Mwingine akawaonyesha njia, wakaenda Koboko kwa mama yake. Huyo alikuwa anachagua mtama uani, hakuinuka.

"Mtoto yangu alikufa zamani," akawaambia. "Lori alipinduka. Uliza hapa majirani, wote walikula karama."

Waliuliza nyumba kwa nyumba, na nyumba kwa nyumba wakajibiwa ukweli mtupu: ndiyo, walikula, mbuzi walikuwa wanono, sheikh mwenyewe alisoma dua. Sheikh naye alipoulizwa alisema dua hairudishwi. Askari walirudi Arua wakiwa wameandika kwamba mtu huyo ni marehemu, na wakati huo marehemu alikuwa ng'ambo ya mpaka, Kongo, anabeba magunia ya kahawa sokoni.

Watu huniambia siku hizi kwamba ilikuwa bahati, kwamba wenye filamu walikuwa wazembe, kwamba mtu mmoja kujikuna sikio hakuangushi serikali. Sawa. Serikali haikuanguka. Mimi sikusema ilianguka. Nasema kuna nyumba moja Pajulu ambayo haikufungwa, na kuna mtu mmoja aliyezikwa kwa jina lake safi bila hata mwili wa kuzika, na anayeona hilo dogo aje anioneshe kubwa alilolifanya yeye mwaka ule.

Nilimwona tena mwaka wa sabini na tisa, mvua zikiwa nyingi. Serikali ile sasa ilikuwa imeanguka kweli, kwa mkono wa wengine, na majeshi mapya yalikuwa yanapanda kuelekea kwetu yakiwa na hasira na kila mtu wa West Nile, kana kwamba sisi sote tulikula meza moja na wakubwa. Arua ikahama. Nilifunga kichwa cha cherehani kwenye baiskeli, nikajiunga na msururu wa watu wanaokwenda Kongo, nikirudi nilikotoka kama mgeni. Njia nzima ilikuwa migongo na magodoro. Mtu mmoja tu alikuwa anakuja kinyume, uso wake kwetu, anaomba njia kwa adabu.

Alikuwa amekonda. Meno ya mbele mawili yalikuwa yamekwenda. Lakini kitana kilikuwa mfukoni.

"Mama Fundi," akasema. "Ile kwapa ulikata vizuri."

Tulikaa kando ya njia juu ya godoro la mtu. Akaniuliza habari za mke wa mwalimu, nikamwambia amevuka jana na watoto wote watano, na ufunguo wa nyumba ameuvaa shingoni. Alitikisa kichwa kwa furaha. Kisha akasugua magoti, akauliza kama mtu anayeuliza jambo dogo.

"Walinisogelea?"

Aliondoka kabla ya filamu kuonyeshwa, hakuwahi kuiona. "Walikusogelea," nikamwambia. "Uso ulijaa shuka. Niliona ndui zote, moja moja."

"Basi," akasema, na akacheka mpaka pengo likaonekana. Sijamwona mtu akiridhika namna ile.

Nikamwuliza anakwenda wapi. Alisema Koboko. Mama yake amekataa kuvuka. Amesema atamngoja mwanawe nyumbani, na hakuna mtu wa kumbeba.

"Majeshi wanafika kesho, kesho kutwa," nikasema. "Mnubi yeyote wanayemkuta pale wanaua. Utakufa, wewe mutu."

"Karama yangu walikula zamani," akasema. "Nilikula na mimi."

"Hii si wakati ya kucheza."

"Najua."

Aliinuka. Nilimshika, nikamfunga kifungo cha juu, nikamnyoosha kola, nikavuta mabega ya shati mpaka likamkaa sawasawa. Kwa miaka yote ile alikuwa hajaniruhusu kumkalisha nguo vizuri, lakini siku hiyo alisimama wima akaniacha nimalize. Kisha akaingia njiani, peke yake dhidi ya watu wote wale, na watu wakampisha.

Nilisimama na baiskeli yangu nikimtazama mgongo. Nilingoja mkono wa kushoto upande sikioni. Nilingoja mpaka alipofika kwenye kona, na haukupanda.